Kwa Dada Yetu Subiri, Aliyekataa Kung'arisha Nyuso

Mwaka umekatika sasa, dada, tangu asubuhi ile ya Jumanne ulipotuacha. Siku tunaitaja kwa makusudi. Jumatatu, Jumatano na Ijumaa zilikuwa za hospitali, za kusafishwa damu, kwa sababu figo zako zilikuwa zimegoma. Jumanne, Alhamisi na Jumamosi zilikuwa za kamera. Uliondoka siku yako ya kazi, nasi hatuamini kwamba ungekubali kuondoka siku nyingine.

Mjomba alishauri tangazo hili liwe fupi: ulikuwa mpole, mcheshi, mpenda watu, basi. Tumemkatalia. Hukuwa mpole, na ungesoma hivyo ungecheka mpaka ukohoe. Kwa hiyo mimi mdogo wako, fundi cherehani, nimepewa kalamu, na wengine wamekaa hapa mezani wananisahihisha.

Kwa anayesoma bila kukujua: ulikuwa mpiga picha wa filamu. Hukuwa mwigizaji, wala mwongozaji anayewaambia watu waanze na waache. Wewe ndiye uliyeamua kamera ikae wapi, mwanga utoke upande gani, na uso wa mtu uonekane kiasi gani. Miaka ishirini na mitatu, filamu saba, na hata moja haikutoka kampuni kubwa. Jina la Subiri ulipewa na mafundi wako. Kila kitu kimepangwa, waigizaji wamekaa mahali pao, nawe umesimama dirishani umeinua mkono, unaangalia jua linavyoupiga mgongo wa kiganja. "Tuanze?" "Subiri." Wingu linapita. "Sasa je?" "Subiri." Jina likakuganda, hadi mama mwenyewe akaacha kukuita lile alilokupa ulipozaliwa.

Kazi hii ulizaliwa ndani yake. Baba alikuwa na studio ya picha mtaani: chumba cha mbele chenye pazia la buluu na stuli, na nyuma yake chumba cha giza cha kusafishia picha, ambamo ulijua kuhesabu sekunde kabla hujajua kuandika jina lako. Wateja walikuja kwa picha za pasipoti, za kumaliza shule, za kumpelekea mchumba, na karibu wote walinong'ona jambo lile lile: "Nitoe mweupe kidogo." Baba aliwatoa weupe. Alikuwa fundi hasa. Aliongeza mwanga hapa, akapunguza muda pale, mtu mweusi tii akatoka na uso wa rangi ya chai ya maziwa, akaondoka anatabasamu.

Ulipokuwa na miaka kumi na saba baba aliugua wiki nzima, ukabaki na ufunguo wa studio. Akaja bibi aliyekuwa akiuza mkaa ng'ambo ya barabara. Alitaka picha moja tu ya kuwaachia watoto wake. Ulimtoa kwenye stuli ukamweka karibu na mlango, ukazima taa zote. Picha ilipotoka uso wake ulikuwa mweusi, na ndani ya weusi ule kila kitu kilionekana: mikunjo ya paji, kovu la kidevuni, na jinsi alivyokuwa karibu kucheka. Baba alirudi akaikuta imeanikwa kwenye kamba.

"Umeiunguza," alisema. "Mtu huyu haonekani."

"Anaonekana, baba. Wewe ndiye humtazami."

Kofi lile tulilisikia hadi uani.

Bibi alipokuja kuchukua picha yake aliisogeza kwenye mwanga wa mlangoni. Halafu akasema, "Ndiyo mimi huyu," akaifunga kwenye kitambaa chake akaenda. Tangu siku hiyo nyinyi wawili mlifanya kazi chumba kimoja kama majirani wasiosalimiana, na baada ya miaka miwili ukafungasha nguo zako.

Ulianza na video za harusi, na ukafukuzwa mara mbili. Mara ya pili baba wa bibi harusi alikuja kulalamika kwamba katika video ya saa tatu, keki ilionekana sekunde kumi, ilhali yeye mwenyewe alionyeshwa dakika nne nzima akiwa peke yake nyuma ya turubai, amevua viatu, anajikanda miguu. Ulimjibu, "Mzee, keki zote zinafanana." Ajira ikaishia hapo. Miaka mingi baadaye yule mzee alipofariki, watoto wake walikuja kukutafuta wewe. Walitaka nakala ya zile dakika nne.

Tena kulikuwa na lile swali la kila siku: mwanamke atabebaje kamera nzito namna hii? "Begani," ulijibu. "Na mabega ninayo mawili."

Filamu yako ya kwanza ilipigwa ndani ya chumba kimoja chenye dirisha moja, kwa kuwa ndicho chumba mlichokuwa nacho. Mawifi wawili wanagombania nyumba ya marehemu. Taa za maana hamkuwa nazo. Ulinijia cherehanini ukachukua shuka nne nyeupe, ukamwomba jirani uzitundike kwenye ukuta wake, jua likazipiga na kurudi ndani kupitia dirishani, laini, likiwafikia wanawake wale upande mmoja tu wa uso. Nami nikakushonea vitambaa vyeusi vya kuziba mwanga usioutaka, majora kwa majora, na kila mara ulisema havitoshi. Watu walidhani kazi yako ni kuongeza mwanga. Kazi yako kubwa ilikuwa kuuzuia.

Filamu ya wapasua mbao ndiyo iliyokupeleka kwenye matamasha. Ulitaka kamera iteleze polepole katikati ya mashine, vumbi la mbao likielea kwenye miale ya jua, na gari la kusukumia kamera halikuwepo. Ukaja nyumbani kuazima kiti cha magurudumu cha bibi yetu, bibi mwenyewe akiwa amekikalia. "Nusu saa tu, bibi." Bibi alishinda kwenye kochi siku tatu. Fundi wa taa alikusukuma, wewe umepakata kamera, mpaka magurudumu yakaanza kulia na fundi wa sauti akatishia kuacha kazi. Bibi hakuwahi kulalamika. Filamu ilipotoka, kila mgeni aliyekaa naye aliambiwa, "Mnaona pale picha inapokwenda mbele? Ni mimi hapo nakwenda."

Kamera yako ilikaa chini, kimo cha mtu aliyeketi. Ulichukia kumtazama mtu kutoka juu. Pia hukupenda kumwacha haraka. Mtu akimaliza kusema, wapiga picha wengine wote walihamia kwa mwenzake, wewe ulibaki naye uone anafanya nini baada ya maneno kuisha. Wapo waliosema filamu zako ni giza. Mmoja aliandika gazetini kwamba alitoka ukumbini akidhani ana mtoto wa jicho. Ulikikata kipande kile ukakibandika kwenye sanduku la kamera, na kila ulikoalikwa ulikwenda nacho.

Tuseme na mengine, maana mezani hapa wanasema nisikupambe. Ulikosa harusi yangu kwa sababu ya wingu. Ulimfokea fundi wa sauti mbele ya watu hadi akaondoka, ukamfuata kwake siku tatu baadaye umebeba redio yake mbovu uliyoitengeneza, kwa kuwa neno "samahani" lilikuwa likikukwama kooni. Binti yako alifundishwa kufunga kamba za viatu na fundi wa taa, kwenye eneo la kazi. Yuko hapa. Anasema niandike hilo, na niandike pia kwamba hakuona vibaya. Sasa ananishika mkono. Anasema niandike aliona vibaya kidogo.

Filamu ya saba ilikukuta tayari mgonjwa. Kisa chake ni cha muuguzi mstaafu anayemtunza mumewe aliyepoteza kumbukumbu, na karibu yote inapita kwenye ukumbi mwembamba wa nyumba yao. Daktari alikuambia upumzike. Mama akakulilia upumzike. Ukamwambia, "Mama, mimi nimelisubiri jua maisha yangu yote. Lenyewe halitanisubiri hata wiki moja." Mkapiga Jumanne, Alhamisi na Jumamosi, kwa miezi minne, wewe ukiwa kitini na mkono umefungwa bandeji pale sindano zilipopita. Ukabaki kwa fundi wa rangi, yule anayesawazisha rangi za picha mwishoni, mkakaa pamoja mkipima kila uso. Ulisaini kwamba kazi imekamilika. Siku kumi na mbili baadaye hukuamka.

Na sasa tukueleze yaliyofuata, kwa sababu hukuwepo, nasi tungependa uyasikie kwetu.

Kampuni kubwa ya usambazaji iliitaka filamu. Mwongozaji wako alifurahi, sote tulifurahi. Kisha ikaja barua: wanaichukua, ila lazima ing'arishwe. Wewe ulikuwa mshirika katika filamu ile na sehemu yako ilituangukia sisi, kwa hiyo bila saini ya familia hawakuweza kugusa kitu. Tukaitwa ofisini. Tulikwenda mimi, mama, binti yako na mwongozaji. Baba hakualikwa na mtu. Tulimkuta amekaa kwenye gari, amevaa koti lake la harusi za watu, fimbo katikati ya magoti.

Meneja alitupokea vizuri, hatuwezi kumsingizia. Alikuwa kijana wa adabu, aliinuka akamshika baba mkono. Akatuonyesha kwenye skrini ile sehemu ya mwisho, muuguzi amesimama mlangoni, mara mbili: kwanza yako, kisha yao. Katika yao uso wa mwigizaji ulikuwa umeinuliwa hadi ukawa wa kijivu, kama mtu aliyepakwa majivu. Ukutani nyuma yake ukaonekana waya wa umeme na doa la unyevu, vitu ulivyovificha kwa makusudi.

"Watazamaji wetu wanaangalia kwenye simu," meneja alisema. "Wanaangalia wakiwa juani, wakiwa foleni. Hii ya kwanza hawataona kitu. Marehemu alikuwa msanii mkubwa, lakini naamini hata yeye angeelewa."

"Asingeelewa," binti yako alisema.

Baba akaomba zirudiwe. Zikarudiwa. Akavua miwani, akaipangusa, akaomba tena. Tulijua anachokiangalia. Miaka ile yote hakuwahi kukuambia neno jema kuhusu kazi yako. Filamu zako alizitazama akiwa amesimama nyuma ya kochi, ili aweze kuondoka.

"Mwanangu," alimwambia meneja, "hapo mlipomng'arisha, jasho lake limekwenda wapi?"

"Mzee, hayo ni mambo ya teknolojia tu."

"Teknolojia hiyo naijua. Mimi nimeifanya kwa mikono miaka arobaini. Kuna watu katika mtaa wetu wamezikwa, na picha zilizobaki ukutani kwao si zao, ni nilizowatengenezea mimi. Walikuja wenyewe, wakaniomba, nikawapa. Binti yangu aliniambia siwatazami, nikampiga kofi." Akaielekeza fimbo yake kwenye skrini. "Huyu mama wa mlangoni hajamwomba mtu amng'arishe. Kwa hiyo mwacheni."

Meneja akasema, kwa upole, kwamba basi hatakuwa na namna. Bila mabadiliko, hawaichukui. Mama akaomba kalamu. Meneja akampa haraka na kumsogezea karatasi. Mama akavaa miwani yake ya kusomea, akatafuta pale pa kuweka saini, akaandika kwa herufi kubwa: HAPANA. Akamrudishia kalamu na kumshukuru kwa chai.

Dada, usidhani tulitoka pale tukiimba. Mjomba alisema tumeizika filamu kwa kiburi. Na wiki ile ile alipiga simu mwigizaji mkuu, yule uliyemtoa kwenye maigizo ya shuleni anakofundisha. Ile ilikuwa nafasi yake ya kwanza kujulikana, na ana miaka hamsini na mmoja. "Nyinyi mmepoteza dada," aliniambia. "Mimi mmenizika pamoja naye nikiwa hai." Mpaka leo lile neno sijalijibu vizuri. Nilimwambia ukweli tu, kwamba yule wa kijivu kwenye skrini yao hakuwa yeye, akakata simu.

Miezi mitano ilipita kimya. Halafu mwongozaji na fundi wa taa wakasema, kama hawatuchukui, tutakwenda wenyewe. Tukaomba ukumbi wa chuo cha ualimu, Jumamosi mchana, maana ndio muda uliokuwa wazi. Ukumbi una madirisha kumi na manane makubwa. Nilishona vitambaa vyeusi wiki mbili, cherehani moja ikafa mikononi mwangu, na asubuhi ile kaka yetu na fundi wa taa walipanda ngazi kuvitundika. Fundi wa taa alizima, akatazama, akaonyesha kidole ufa mmoja juu ya mlango. "Angekuwepo asingeanza," alisema. Tukaziba ufa.

Walikuja watu kama themanini. Dakika za mwanzo zilikuwa mbaya. Skrini ni nyeusi, ule ukumbi mwembamba wa nyumba ya muuguzi, mtu anapita huoni nani. Sauti ikatoka nyuma, "Mashine imeharibika." Mwingine akasema, "Washeni taa." Nikajua mjomba alisema kweli, nikatamani kutoka. Ndipo mama mmoja wa mstari wa mbele, nisiyemjua, akageuka akasema, "Hebu tulieni, macho yenu yatazoea." Na yalizoea. Ukaanza kuusikia ukumbi unaona. Shavu la muuguzi likatokea, kisha jasho kwenye mdomo wa juu, kisha macho, na ilipofika ile ya mlangoni, dakika nne bila neno, hakuna aliyekohoa. Baba alikuwa amekaa. Alikaa mpaka mwisho.

Mwigizaji alikuja, akakaa kiti cha pembeni. Watu walipotoka alibaki pale na mkoba magotini. Nilimwendea nikiogopa.

"Sikujua uso wangu unaweza kufanya vile," alisema. Halafu akaongeza, "Bado nimewakasirikia."

"Sawa," nikamwambia.

"Mnaonyesha tena lini?"

Tumeonyesha mara thelathini na moja, dada. Kumbi za vyuo, za hospitali, chumba cha kulia cha kiwanda cha nguo. Vitambaa vyangu vimesafiri kuliko mimi. Mwigizaji amekuja mara ishirini na sita, na sasa yeye ndiye anayesimama mbele kuwaambia watu wavumilie dakika tano za kwanza. Mwezi uliopita kampuni ndogo iliichukua filamu yako kama ulivyoiacha, bila kugusa hata kivuli kimoja. Haitafika kwenye kila simu. Wale wakubwa bado wanasema tulikosea, na huenda kwa hesabu zao tulikosea. Hatujutii. Wangekuja tena kesho na karatasi ile, mama anasema herufi angeziongeza ukubwa.

Na kwa wote waliosema, na wanaosema bado, kwamba filamu zako hazionekani: milango iko wazi, viti vipo. Zimeni simu, kaeni, mtazame. Asiyeona baada ya hapo, tatizo si lako tena.

Baba anaomba aandike jambo moja kwa mkono wake. Ameandika: "Nilikuona."

Tunaokukumbuka ni baba yako na mama yako, binti yako, ambaye mwezi ujao anaanza kusomea udaktari, akilenga figo, wala si filamu, na hataki kuulizwa, mimi mdogo wako, kaka yetu na wifi yetu, shangazi, mjomba, anayesema tangazo limekuwa refu mno, na mafundi wako wa taa, wa sauti na wa rangi, ambao tumewaandika kwenye orodha ya ndugu bila kumwomba mtu ruhusa.

Siku zote tutakukumbuka kama ulivyokuwa, ukali wako na wingu lako na yote. Hatutakung'arisha.